Pimbi na Mwamba wa Ngwee

Nabisha hodi!
— Ingia na hadithi!
Ya kweli au ya uongo?
— Iwe tamu, basi!

Haya, sogeeni. Na wewe unayetafuna muwa huko nyuma, tafuna taratibu, nisije nikapandisha sauti bure.

Palikuwa na nchi ikiitwa Vumavu, nchi kavu, haina mto wala kisima. Maji yake yote yalikaa ndani ya mwamba. Mwamba ule haukuchimbwa wala haukubembelezwa. Ulitoa maji kwa mlio. Kila asubuhi mnyama mmoja, kwa zamu, alishika kigongo akaupiga: ngwee! Wenzake wakaitikia, kila mmoja kwa sauti yake, kubwa kwa ndogo. Ndipo shimo la mwamba likakohoa, kho, kho, na maji yakatoka, chwaaa! Ukipigwa usiitikiwe, mwamba ulinyamaza. Ndivyo ulivyoumbwa, na nani atabishana na jiwe?

Siku moja akaja Kiboko. Alitoka wapi, sijui. Alikuja na tumbo lake, akaketi mbele ya shimo, akakitwaa kigongo.

"Kuanzia leo kigongo ni changu," akasema. "Mwenye kigongo ndiye mwenye maji. Nitapiga mimi, mtaitikia ninyi, nitakunywa mimi. Nikishiba, mtaramba."

Akapiga, ngwee! Wakaitikia. Maji yakatoka, chwaaa! Kiboko akanywa, gu, gu, gu. Wanyama wakaramba tope. Kesho yake vile vile. Kesho kutwa vile vile.

Sasa, katika ufa upande wa pili wa mwamba ule alikaa Pimbi na wanawe watatu. Kimo chake mnakijua: hata sungura humwita mdogo wangu. Siku ya nne kitindamimba wake alilia bila machozi, ulimi umemkauka mdomoni. Pimbi hakuhuzunika. Alikasirika, na hasira ya mama haipimwi kwa kimo.

Akaenda kwa Digidigi, akaenda kwa Kanga, akaenda kwa Kobe, akawaambia wote neno moja: "Kesho akipiga, msiitikie."

"Ataniua!" akasema Digidigi.

"Na kiu je, ndugu yangu, inakulea?"

"Tukikosa maji kabisa, Mama Pimbi?" akauliza Kanga.

"Kwani sasa unayo?"

Kanga akafumba mdomo, akaanza mazoezi pale pale. Kwa Kanga kunyamaza ni kazi nzito, jamani, tumpe haki yake.

Asubuhi Kiboko akapiga. Ngwee! Kimya. Akapiga tena. Ngwee! Kimya. Wanyama wamesimama, midomo imefumbwa. Kanga alikuwa ameling'ata bawa lake mwenyewe.

"Itikieni!"

Kimya.

"Nitawakanyaga!"

"Tukanyage," akasema Pimbi, akasogea mbele. "Halafu waambie maiti waitikie."

Kiboko akainama kumtafuta. "Wewe nani?"

"Mimi ni moja ya sauti ulizozinywa siku nne. Leo yangu nimeikalia."

Kiboko akacheka, ho, ho, ho. "Vijisauti vyenu vya nini? Nina sauti kuwapita wote mkijumlishwa. Nitaitikia mwenyewe!" Akapiga, ngwee! Akaitikia, hooo! Mwamba ukakohoa, kho, ukanyamaza.

"Sauti yako imeishia mlangoni, bwana mkubwa," akasema Pimbi kwa upole. "Zetu ni nyingi, husukumana mpaka chini. Ya mmoja mpaka aingize kichwa ndani. Lakini acha tu. Shimo lina giza, na wewe mgeni."

"Niogope giza? Mimi?"

Akatupa kigongo. Akaingiza pua, akaingiza masikio, akasukuma na shingo, mpaka shimo likajaa Kiboko pomoni.

Pimbi alizaliwa ndani ya mwamba ule, alijua jambo ambalo mwenye kigongo hakulijua: ufa wa nyumba yake ulifika hadi kooni mwa shimo, na jiwe moja tu liliuziba, jiwe alilotandikia watoto majani. Asubuhi ile alikuwa amewatoa wanawe nje na jiwe amelibingirisha. Sasa akakiokota kigongo kwa mikono miwili, akapiga kwa hasira zake zote.

Ngwee!

"HOOOO!" akaitikia Kiboko kutoka ndani.

Kho, kho, kho! Maji yakapanda, yakakuta kichwa kimeziba njia. Yakageuka, yakaingia nyumbani kwa Pimbi, yakabeba majani, yakabeba akiba ya matunda, yakamwagika upande wa pili, chwaaa! Wanyama wakakimbilia huko wakanywa. Kitindamimba akanywa mpaka akacheua.

Kiboko akavuta kichwa. Hakitoki. "Nitoeniii!" akalia. Pimbi akapiga, ngwee! "Nitoeniii!" Maji, chwaaa! Ikawa hivyo siku saba: Pimbi hupiga, Kiboko huitikia, wengine hunywa. Yeye maji yalimpita chini ya kidevu, akiyasikia tu.

Siku ya nane akawa amekonda, akachomoka, puu! Akaja akiyumba, mbavu zinahesabika. "Maji," akasema.

"Leo zamu ya Digidigi kupiga," akasema Pimbi. "Wewe simama nyuma ya Kobe, uitikie na wenzako."

"Mimi? Nyuma ya Kobe?"

"Ukipenda. Kiu nayo haijaondoka."

Digidigi akapiga, ngwee! Wote wakaitikia, maji yakatoka. Kiboko akainamia maji. Pimbi akasimama mbele ya pua yake.

"Wewe hujaitikia."

"Ho," akasema Kiboko.

"Hata Kobe amekupita."

"HO!"

"Kunywa."

Pimbi hakuwa na nyumba tena, maji yalikwisha kuifanya njia yao. Alilala nje na wanawe, wote wamelowa, na hakujuta hata kidogo.

Hadithi yangu imefika ukingoni. Iliyonoga ni yenu, iliyochacha nirudishieni. Na funzo lake, watoto, ni hili: mkubwa akisema itikieni, itikieni upesi, wala msimuulize maji yanakwenda wapi. Mdogo mbishi hukosa nyumba. Funzo hili nimepewa na Kiboko mwenyewe, kaniomba sana niwafikishie.