Malkia Aliyelinawisha Zimwi

Paukwa!

Pakawa!

Sogeeni. Na wewe Bishara, acha kumfinya mwenzio.

Hapo kale mji wa Kitangani ulitawaliwa na malkia, Mwanamvua. Baba yake alimwachia siwa, baragumu ya enzi, naye aliipenda kama alivyompenda baba mwenyewe. Lakini ami yake, Mwinyi Shomvi, alinung'unika kutwa: "Siwa si kitu cha mwanamke!"

Siku moja zimwi likaja, likakalia kisima.

"Nina njaa! Nani atanikaribisha?"

Wanaume wakatoka na mikuki.

"Nina njaa! Nani atanikaribisha?"

Weee! Wakarudi mbio, vilemba vikabaki matopeni.

Mji ukashikwa na kiu. Ami akasema, "Binti, likiwa bado lipo kisimani Ijumaa, siwa naichukua mimi."

Mwanamvua akaingia jikoni, akalia. Kisha akafuta machozi, akachoma samaki na mihogo, akamimina maji ya mwisho ya mtungini ndani ya birika. Akaenda peke yake.

"Nina njaa! Nani atanikaribisha?"

"Karibu, baba. Lete mikono unawe."

Zimwi likaduwaa. "Nani, mimi?"

"Wewe. Kwetu mgeni hali kabla hajanawishwa."

Akalimiminia maji taratibu, akasugua kucha moja moja. Basi zimwi likaangua kilio.

"Tangu nizaliwe watu wananikimbia tu. Hakuna aliyewahi kuninawisha!"

Likala, likashiba, likaondoka pale kisimani. "Mama, nije tena kula?"

"Njoo, baba. Kila siku."

Ijumaa ami akatua ukumbini kwa malkia na wazee wenzake. "Kisima tumekipata, sawa. Lakini anayewanawisha watu ni mtumishi, si mtawala. Lete siwa!"

Mwanamvua akaiweka siwa mbele yake, na birika kando. "Chukua, ami. Vinakwenda pamoja. Mgeni wangu yuko njiani, na mwenye mji ndiye humnawisha."

Ardhi ikatikisika. Zimwi hilo mlangoni, makucha mbele.

"Leo nani ananinawisha?"

Ami? Aa, ami alishapita dirishani! Viatu vyake vilibaki pale pale.

Malkia akacheka mpaka akashika mbavu, akainua birika. Na wale wazee, bila kuambiwa na mtu, wakampulizia siwa.

Hadithi yangu imeishia hapo, zimwi likisubiri samaki wake. Basi wanangu, ukitamani kiti cha mtu, jiulize kwanza kama kazi yake unaiweza. Haya, nendeni mkanawe, chakula tayari.