Ramani ya Simu Nyingine

Kaeni, wapendwa. Leo sikuja kuwabembeleza.

Kulikuwa na fundi simu mmoja, mwenye kibanda karibu na stendi, aliyesifika kwa wepesi wa mkono. Mama mmoja mjane akamjia na simu iliyokwama. Ukiiwasha inaonyesha jina la kampuni, basi, haiendi mbele. Mama akamweleza kwamba ndani mna sauti za marehemu mume wake, alizorekodi akiwa wodini, akiwaita watoto mmoja mmoja kwa majina. Hana nakala popote.

"Baba, hata isipopiga tena, niokolee sauti tu."

Sasa sikilizeni. Simu kwa ndani imegawanywa vyumba: chumba cha kuwashia, chumba cha mtandao, chumba cha picha na sauti. Fundi akitaka kuweka programu upya, anaipa kompyuta faili la ramani, linaloonyesha kila chumba kinaanzia wapi na kuishia wapi. Na kila toleo la simu lina ramani yake. Yule fundi alilijua hilo vizuri sana. Lakini kuitafuta ramani ya simu ile ni kazi, na yeye alikuwa nayo moja iliyowahi kumfaa kwa simu inayofanana na ile kwa sura. Hata hakuigeuza nyuma asome toleo. Akaichomeka, akaweka ramani ya simu nyingine, akabonyeza. Kazi ya bora liende!

Simu ikawaka, ikang'aa kama imetoka dukani. Mama akaipokea kwa mikono miwili, akatafuta, akatafuta tena. Programu mpya ilikuwa imemwagwa juu ya chumba cha sauti.

"Baba, mume wangu yuko wapi?"

Fundi akamtazama kama mtu asiye na shukrani. "Mama, si imewaka?"

Naona mnaguna. Mnamkasirikia? Hata mimi. Lakini msigune bado.

Alikuja kwetu dada mmoja, amekwama. Hali chakula, hasemi. Nani kati yetu alimuuliza kapatwa na nini? Tulikuwa na ramani yetu ya siku zote, iliyowahi kumfaa mtu mwingine: samehe, funga, omba, rudi kwa mumeo. Tukambonyeza. Akarudi kwenye kwaya, anatabasamu, na sisi tukampigia makofi. Hivi tuna haki gani ya kumgusa mtu ambaye hatukutaka hata kumjua? Ni uvivu, wapendwa, na tumeuvika kanzu tukauita huduma. Anayekuja kwetu ana vyumba vyake. Tumuulize kwanza, na tukishindwa kumsikiliza, tumwache.

Asubuhi hii mama yake yule dada ametusimamisha pale mlangoni. Akasema huyu mliyenirudishia simtambui, mwanangu yuko wapi?

Na mmoja wetu, aliyeketi humu ndani sasa hivi, akamjibu: "Mama, si anaimba?"