Daraja la Bi Somoe

Bi Somoe, mkunga wa serikali mwenye ajira ya kudumu, alistaafu akiwa hajapewa daraja la mshahara lililoiva akiwa bado kazini. Kila alipokwenda kulidai, Bwana Kihampa, ofisa utumishi wa wilaya, alimjibu, "Mama, mstaafu hapandi daraja. Kapumzike."

Asubuhi moja alimkuta amezungukwa na wastaafu wengine.

"Leo sidai, baba. Nimekuja kukupa pole."

"Pole ya nini?"

"Unastaafu mwezi ujao, na nasikia daraja lako limekwama kwa wakubwa. Ukishatoka, ndiyo basi."

Ofisa aliruka kitini. "Nani kasema? Daraja likiiva mtu yuko kazini ni haki yake, hata akistaafu! Kumnyima ni dhuluma!"

Wastaafu walipiga makofi. Bi Somoe alivuta kiti, akaketi.

"Umesema kweli, baba. Basi anza na mimi."

Ofisa alikuna kichwa, akacheka kwa aibu, akalipitisha palepale. Bi Somoe alipofika mlangoni, ofisa alimwita.

"Mama, nani alikwambia langu limekwama?"

"Hakuna, baba. Nililojua limekwama ni langu."