Vibati vya Mzee Futi

Wapendwa, nina mfano. Ukijikuta umekaa ndani yake, naomba usigeuke kumtazama jirani.

Fundi mmoja alikuwa akishona sare za shule karibu na stendi ya mji wao. Mtaa ulimwita Mzee Futi, kwa sababu futi ya kupimia haikutoka shingoni mwake. Wengine walisema analala nayo. Mkewe alikuwa ameshafariki, mabinti zake wawili wameolewa. Nyumbani alibaki yeye na kitindamimba wake, kijana wa miaka ishirini na moja, na kati yao palikuwa na mlango.

Mlango ule ulikuwa umefungwa kwa miezi saba. Kijana alitoka kuchukua sahani, akarudi nayo chumbani. Mtaniuliza, kwa nini baba asigonge? Aligonga.

"Chakula tayari."

"Nimeshiba, baba."

Mwezi wa pili lile neno "baba" likadondoka, ikabaki "nimeshiba." Mwezi wa tatu hakukuwa na jibu, na fundi akaanza kuacha sahani mezani, imefunikwa. Mlango huo ulifungwa na nini? Nitawaambia. Kwanza twende chumbani.

Chumbani kijana alicheza gemu. Wazee, niwaeleze, vijana, mnivumilie nikikosea. Ni gemu ya vita na kunusurika. Unaingia katika mji uliobomoka, na wengine wanaingia, kila mmoja akiwa kwake na kompyuta yake. Unaokota silaha, chakula, dawa. Ukimwangusha mtu, vyake ni vyako: bunduki, begi, viatu, na kibati chenye jina lake alichovaa shingoni. Kisha unakimbilia geti kabla halijafungwa. Ukitoka mzima, unampelekea mnunuzi.

Mnunuzi ni mtu wa kwenye gemu. Hana damu, wala hana swali. Hakuulizi umekitoa wapi, umemvua nani. Bunduki ina bei yake, begi lina bei yake. Vibati vya majina ndivyo rahisi kuliko vyote. Wachezaji huviuza kwa mafungu, kama dagaa, bila kuvisoma. Mnunuzi huvitundika ukutani, nyuma yake, na anayetaka kukikomboa kimoja atakilipia mara hamsini ya bei ya kuuzia.

Shikeni hilo la ukuta. Tutarudi hapo.

Sasa, kijana alizungumza na wenzake kwa maiki, na fundi akiwa sebuleni alisikia. "Nimeishiwa bandeji! Nani ana bandeji? Nakufa hapa!" Akasikia Jumatatu, akasikia Jumanne. Alijua ni mchezo. Lakini mzazi akisikia mtoto wake anasema nakufa, sikio linachagua?

Mkabala na cherehani yake palikuwa na kibanda cha gemu, cha binti mmoja mwenye maneno mengi. Jumatano, saa ya chakula cha mchana, fundi akavuka barabara.

"Shikamoo, mzee. Leo umekuja kunipima gauni?"

"Marahaba. Nataka bandeji."

"Duka la dawa si lile pale, mzee wangu?"

"Bandeji za kwenye gemu. Zile anazozililia mwanangu."

Binti alicheka mpaka akashika meza. Kisha akaona mzee hacheki, akamvutia kiti.

"Humo utapigwa risasi, mzee."

"Miaka thelathini nashona sare, na kila Januari wazazi wananivamia. Nitaogopa risasi za picha?"

"Haya. Jina la kuchezea?"

"Si unalijua?"

Binti akaandika: MZEE FUTI. Akamwonya kwamba jina hilo litakuwa kwenye kibati chake, na mwanawe akikisoma atamjua.

"Akisoma, vizuri," fundi akasema. "Wewe usimwambie. Akiambiwa, atafunga na mlango huu wa gemu."

Basi kila siku, saa ya chakula, fundi alifunga cherehani akaenda kuokota bandeji. Wenzake waligombea bunduki. Yeye alipekua makabati ya hospitali iliyobomoka, droo moja baada ya nyingine, kama mtu anayetafuta kifungo kilichopotea. Begi likijaa, alielekea getini, mahali ambapo binti, aliyewahi kucheza na kijana na kulijua jina lake la kuchezea, alimwambia kwamba hupenda kuvizia. Na hapo ndipo alipofanya kosa moja, lilelile, kila siku. Wachezaji wote hutambaa, hujificha. Fundi alitembea wima katikati ya barabara, na alipomwona mtu kwa mbali, alisimama akainua mkono.

"Mzee! Humo ndani watu hawasalimiani!"

"Sasa nitampitaje mwanangu bila salamu?"

Risasi. Kioo kikawa chekundu. Maandishi yakatokea: umeuawa na fulani. Na fulani huyo, kwa jina lake la kuchezea, alikuwa ni mwanawe.

Binti akamgeukia. "Pole, mzee. Basi tena?"

"Basi kwa leo," fundi akasema, akajifunga futi yake vizuri, akarudi kwenye cherehani.

Jioni ile alikuwa mezani peke yake. Kupitia mlangoni akamsikia kijana akiwasimulia wenzake. "Nimekutana na mshamba mmoja! Begi zima bandeji, hana hata kisu! Kaninyooshea mkono kama konda!" Wakacheka huko waliko. Fundi akatabasamu juu ya sahani yake. Kumbe bandeji zilifika.

Kesho yake akaenda tena. Na keshokutwa. Siku nyingine aliuawa na watu wasiojulikana, wakachukua begi lake, na siku hizo alirudi kazini amenuna, kwa sababu mzigo ulikwenda kwa wageni. Lakini mara tisa aliuawa na mwanawe. Mara tisa kijana alimvua begi, akachukua bandeji, akapeleka kibati kwa mnunuzi pamoja na vingine, kwa fungu, akabonyeza uza vyote. Mara tisa aliokoka kwa mkono wa mtu ambaye hakumsoma jina.

Yaliyofuata chumbani fundi aliambiwa baadaye. Siku moja mwenzake wa gemu alimtania kijana kwenye maiki: "Oya, hebu nenda kaone ukuta wa mnunuzi. Kuna jamaa kauzwa mara tisa, na muuzaji ni wewe. Si umkatie hata mgawo!" Kijana akaenda ili akacheke. Vibati tisa vilikuwa vimetundikwa kwa mstari. Akasogea. Akasoma cha kwanza, akasoma cha pili. Hakufika cha tatu akajua kwamba vyote ni jina moja, na jina hilo katika mji wao lilikuwa na mtu mmoja, na mtu huyo alikuwa upande wa pili wa mlango, anafunika sahani.

Siku iliyofuata fundi aliingia kwenye gemu kama kawaida. Akajaza begi. Akafika getini, wima, katikati ya barabara. Mtu akatokea.

"Mzee, ndiye huyo," binti akanong'ona. "Kimbia, safari hii kimbia."

Fundi akainua mkono.

Risasi haikuja. Yule mtu alikuwa hana bunduki. Hana kofia ya chuma, hana begi, hana viatu. Alikuwa ameuza kila alichokusanya kwa mwaka na nusu, tangu kabla mlango haujafungwa. Alisogea hadi mbele ya fundi, akainama, akaanza kuweka vibati chini. Kimoja. Kingine. Binti alivihesabu kwa sauti. Vilikuwa tisa.

Kisha kwenye hedifoni ikaja sauti ambayo fundi hakuwa ameisikia ikimwelekea yeye kwa miezi saba.

"Shikamoo, baba."

Fundi akatazama herufi zote mbele yake, asijue abonyeze ipi ili asikike. Vidole vilivyojua kutunga uzi bila kutazama vilipotea. Binti akapitisha mkono, akambonyezea. "Sema, mzee. Anakusikia."

"Marahaba, mwanangu," akasema fundi. "Bandeji nimekuletea."

Naona wengine mmetoa leso. Zirudisheni kidogo, mfano haujaisha.

Jioni ile mlango ulifunguliwa. Kijana akaketi mezani, wakala. Walisogezeana mboga. Sahani zilipokwisha, kijana akasema:

"Baba, mimi nilikuuza mara tisa. Sikusoma jina. Naomba unisamehe."

"Yamekwisha, mwanangu."

"Hayajaisha, baba. Wewe uliniuza mara moja. Na jina langu ulilijua."

Wapendwa, sasa ndipo tunafika kwenye mlango.

Miezi saba nyuma, wiki ambayo kijana alianguka mtihani wa chuo, akina mama watatu walikuwa kibarazani kwa fundi wakisubiri sare. Mmoja akauliza, kwa kupitisha muda tu, "Fundi, na yule kitindamimba wako, ndiye atakayekurithi cherehani?" Na fundi, mguu ukiwa juu ya pedali, akajibu: "Yule? Yule ni kitambaa kilichokatwa vibaya. Hata kiraka hakitoki humo." Akina mama wakacheka. Ilikuwa kauli ya kifundi, na iliwakaa vizuri. Nyuma ya pazia alikuwa amesimama kijana, na chupa ya chai ya baba yake mkononi. Aliiweka chini taratibu, ili isilie. Akaenda nyumbani.

Fundi aliikuta chai ile nyuma ya pazia. Akainywa. Hakujiuliza iliingiaje.

Mezani pale, baada ya miezi saba, alijiuliza. Hakujitetea. Aliinuka, akapitisha mkono juu ya kichwa cha mwanawe kama alivyokuwa akifanya zamani, akaenda kulala. Asubuhi hakufungua cherehani. Alikwenda nyumbani kwa yule mama wa kwanza, akapiga hodi.

"Karibu, fundi. Sare ina tatizo?"

"Sare haina tatizo. Kuna neno nililiacha kwenu juu ya mwanangu. Nimekuja kulichukua."

"Neno gani, fundi? Mbona sisi tulishasahau?"

"Yeye hakusahau. Nilisema ni kitambaa kilichokatwa vibaya, mkacheka. Nilisahau kuwaambia kwamba mkasi ulikuwa mkononi mwangu."

Akaenda kwa wa pili, akasema hayohayo. Wa tatu alianza kucheka, akidhani ni utani mwingine. Fundi akasimama mlangoni kwake, futi shingoni, akangoja mpaka amalize kucheka. Kisha akasema tena.

Ndugu zangu, sisi tunaishi karibu na mnunuzi. Yupo, wala hahitaji kompyuta. Ananunua majina ya watu wetu, na hana swali. Umetaniwa kidogo kazini, ukamtoa mkeo ili watu wacheke. Umeulizwa habari za ndugu yako, ukamtoa kwa sentensi moja, kwa sababu sentensi ilikuja nzuri. Tumelipwa nini? Kicheko. Hata mpaka nyumbani hakifiki. Na jina linabaki limetundikwa ukutani, kila apitaye analisoma, na mwenye jina naye analisoma.

Je, laweza kukombolewa? Laweza. Fundi alilikomboa, kijana alilikomboa. Lakini mmesikia bei. Tuliuza kwa fungu. Tunakomboa kimoja kimoja, mlango kwa mlango, na silaha zote zimeshawekwa chini. Na tumshukuru Mungu kwamba wapo wanaokuja kwetu kila siku na begi la bandeji, wima, mkono juu, hata baada ya kuuzwa na sisi wenyewe mara tisa. Unaye mmoja? Umewahi kumsoma jina?

Ibada ikiisha tutatoka, tutasimama pale uwanjani kama kawaida yetu. Mtu atakushika mkono na kukuuliza, "Na mwanao vipi? Na yule mdogo wako?" Kabla hujafungua mdomo, ndugu yangu, kisome kibati kilichoko mkononi mwako.