Kikohozi cha Mama Tunu

Hapo zamani, enzi ambazo redio moja ilisikilizwa na nyumba saba, katika mji uliozungukwa na mashamba ya katani, aliishi mwigizaji aliyeitwa Bi Mwanahawa. Kwa miaka thelathini na mmoja alikuwa sauti ya Mama Tunu, muuza vitumbua katika mchezo wa redio ulioitwa Kona ya Kisima. Sokoni aliitwa Mama Tunu. Msibani aliitwa Mama Tunu. Hata marehemu mumewe, alipotaka radhi, alimwomba Mama Tunu. Angempoteza Mama Tunu, asingejua aitikie jina gani.

Kituo kile cha redio kilikuwa na kanuni: mwigizaji hupewa kurasa za siku ile tu, wala mwandishi hamwambii mtu yatakayokuja. Kwa hiyo Bi Mwanahawa alianza daima na ukurasa wa mwisho, aone kama bado yu hai, ndipo arudi kwenye wa kwanza.

Mambo yalifuatana hivi.

Jumatatu moja alikula bajia za pilipili kabla ya kurekodi. Katikati ya sentensi akakohoa. Angeweza kuomba kurudia, lakini mbele ya maikrofoni ile ile alisimama Siwatu, binti aliyeigiza Chausiku, mke mwenza wa Mama Tunu. Nikirudia, aliwaza Bi Mwanahawa, huyu atasema nimechakaa. Akaendelea.

Jumanne fundi mitambo, Kibwana, ambaye kazi yake ilikuwa kukata makosa ya utepe kwa wembe, alikisikiliza kikohozi kile mara mbili, akakiacha.

Wiki ya pili zikaja barua, gunia zima. Mama Tunu anaumwa nini? Msikilizaji mmoja alituma tangawizi ndani ya bahasha.

Wiki ya tatu Bi Mwanahawa alianza na ukurasa wa mwisho. Yu hai. Lakini katika ukurasa wa pili palikuwa na mabano, na ndani yake neno moja: anakohoa. Katika mchezo ule hakuna aliyewahi kukohoa akapona. Mzee Kitojo alikohoa Jumatatu, akazikwa Alhamisi.

"Siwatu," aliuliza, "ulikwenda kufanya nini chumbani kwa mwandishi juzi?"

Siwatu alikunja karatasi zake. "Mambo yangu tu, mama."

"Mke mwenza ni mke mwenza, hata wa kwenye karatasi."

Siku hiyo alisoma maneno yote, mabano akayaruka. Wasikilizaji walimsikia Chausiku akisema "pole kwa kifua" ilhali kikohozi hakuna, wakaamini kuwa mama wa watu anaficha maradhi mazito. Magunia yakawa mawili.

Wiki ya nne alianza na ukurasa wa mwisho. Hakuwemo. Akafungua wa kwanza. Hakuwemo. Wahusika wengine walisema tu kwamba Mama Tunu amelazwa. Yeye mwenyewe hakupewa hata mguno.

Aliingia kwa mwandishi, Bwana Shemdoe, bila kupiga hodi.

"Mwanangu, mmeamua kunizika kimyakimya?"

"Mama, kanuni unaijua. Ya mbele sisemi."

"Basi nitayasema mimi. Kama ni kufa, nife kwa mdomo wangu. Nisifie nje ya maikrofoni kama kuku mwenye mdondo."

Bwana Shemdoe alichukua kalamu. "Una hakika, mama?"

"Niandikie."

Akamwandikia. Ijumaa Mama Tunu alikata roho akimwachia Chausiku chuma cha vitumbua, mara moja tu, bila kurudia. Kibwana alilia juu ya mitambo. Jumapili, kifo kile kilipotangazwa, wanawake wa mtaani walifika kwa Bi Mwanahawa wamejitanda kanga za msibani. Akawakaribisha, asijue kama apokee pole au aitoe.

Kesho yake alikwenda kuchukua vitu vyake. Droo ya meza ya mwandishi ilikuwa wazi, na ndani mlikuwa na kurasa zenye tarehe ya kabla ya ule ugomvi. Kwa mazoea alianza na wa mwisho: Mama Tunu ametoka hospitali, anautukana moshi, anamimina unga kwenye chuma. Alikuwa amelazwa wiki mbili tu.

Akawaita wote watatu.

"Mimi ndiye niliyeomba upumzishwe," alisema Siwatu. "Nilikusikia ukikohoa. Mama yangu alianza vivyo hivyo. Ningekuambia, ungesema naitaka nafasi yako."

"Wembe nilikuwa nao mkononi," alisema Kibwana. "Lakini kilikuwa kikohozi cha Mama Tunu hasa. Niliona haya kukikata."

"Nilidhani umechoka, unataka kuaga kwa heshima," alisema Bwana Shemdoe. "Neno moja lingetosha, nakiri. Lakini kanuni ile hata wewe uliitetea miaka yote."

"Nami nilikula bajia," alisema Bi Mwanahawa.

"Si bajia tu, mama," alisema Siwatu polepole. "Kifo ulikiomba mwenyewe."

"Nilikiomba kwa sababu mlinyamaza."

"Tulinyamaza kwa sababu ulitushuku."

Nje ya dirisha mwanamke mmoja alipita, akamwona. "Shikamoo, Mama..." alianza, kisha jina likamkwama kooni, akaenda zake.

Haya, wenzangu mliofika nami ukurasa wa mwisho: yuko aliyekohoa kisha akashuku, yuko aliyeuweka wembe chini, yuko aliyeomba kwa siri, yuko aliyeishika kanuni. Je, ni nani aliyemuua Mama Tunu?