Tasi wa Vuai

"Tasi hufa, mwiba haufi." Mmeisikia methali hiyo sokoni, mkaja mbio kuniuliza imetoka wapi. Basi tulieni, na asicheke mtu, maana aliyeambiwa maneno hayo mara ya kwanza hakucheka. Ilianza hivi.

Vuai alikuwa mtega madema hodari, ile mitego ya samaki ya kusukwa, ila mdomo wake ulitangulia akili. Alikuwa amemposa Mize, binti wa Mzee Makame, na harusi ilingojewa mfungo mosi, Ramadhani ikiisha.

Madema yake aliyatega kwenye majani ya bahari, pale tasi, wale samaki wa miba, wanapokwenda kula makundi kwa makundi kama mbuzi. Asubuhi moja akapandisha dema, akakuta chambo cha mwani kimeliwa, samaki hakuna, umebaki mkia wa tasi tu. Naye alikuwa ameiona ngalawa ya Mzee Makame ikipita hapo alfajiri. Hakuuliza. Alipofika diko, pwani zinapofikia ngalawa, mbele ya wavuvi wote, akamwambia baba wa mchumba wake kwamba mwizi wa madema huzeeka, lakini mkono wake hauzeeki. Makame alichukua tenga lake akaenda zake.

Kesho yake dema lile lile lilikuja zito. Ndani mlikuwa na mkunga, yule samaki mrefu kama nyoka, tumbo limemvimba hata ameshindwa kutoka alikoingilia. Vuai akampasua, akakuta tasi aliowameza. Loo, aibu ilimshika hata akaogopa kurudi nchi kavu. Angemtazama vipi mzee wa watu? Na Mize je?

Akatunga tasi wazuri wa dema jingine, akaenda kuomba radhi. Sasa, tasi wa kupeleka kwa watu hukatwa miba kwanza, maana ina sumu, ndiyo ada. Vuai kwa haraka yake akasahau.

"Baba, nimekukosea," alisema mlangoni, macho chini. "Mwizi alikuwa mkunga."

"Yamekwisha, mwanangu," Makame alimjibu, na kweli alisamehe. Akanyoosha mkono kuupokea utungo, mara akaguna kwa maumivu. Mwiba ulikuwa umemwingia kiganjani. Mize akaja na maji ya moto, akautia mkono wa baba yake humo.

Vuai akababaika. "Lakini wamekufa tangu asubuhi."

Mize hakumtazama. "Tasi hufa, mwiba haufi. Baba amekusamehe. Wale wa diko je, utawafuta masikio?"

Vuai akaenda diko, akakiri mbele ya wote kwamba alimsingizia mzee. Wakaitikia kwa vichwa. Harusi ikafanyika, tukala pilau. Lakini miaka yote ile, dema la mtu likitoka tupu, hakukosekana wa kuuliza, eti kwa mzaha, Mzee Makame kapita wapi leo. Mzee akicheka pamoja nao. Vuai akiinama akajifanya anafunga kamba, na kamba yenyewe ilikwisha fungwa zamani.

Ndiyo hivyo, wanangu. Tasi hufa, mwiba haufi.