Kiboko Aliyetaka Kuvuma

"Wenye masikio wapo?"

"Tupo nayo yote mawili."

"Na wenye haya?"

"Wameondoka jana."

Basi nyinyi mliobaki ndio ninaowataka. Sogeeni.

Hapo kale, wanyama wakiwa na adabu kuliko sisi, palikuwa na elimu iitwayo uvumi. Usicheke, wewe. Si uvumi huo wenu wa kusema fulani kaachika. Ni uvumi wa kuvuma: unafumba mdomo, unavuta pumzi, unatafuta kooni ule mlio ambao kitu kimeumbwa nao. Mmmm, mmmm. Ukiupata, kitu kinatikisika ndani kwa ndani, kinakutii. Mwalimu wake alikuwa Bibi Nyuki. Kuna mwanafunzi aliyevumia jiwe likapasuka. Kuna aliyevumia ndizi mbichi ikaiva mgombani.

Bi Pimbi alisoma miaka mitatu. Ndiyo, huyu huyu pimbi wa mawe, mdogo, hana hata mkia. Akavumia jiwe, jiwe likanyamaza. Akavumia ndizi, ndizi ikanyamaza. Siku ya mwisho akaupata mlio mmoja tu, mlio wa tumbo. Ukiusikia, tumbo linafunguka, upepo unatoka. Na ubaya wake, mlio ule ulianzia tumboni mwa mvumaji. Hautoki mpaka upepo wako wewe utoke kwanza. Bi Pimbi aliona aibu mpaka manyoya yakamlala. Akarudi kwa mumewe akasema amefeli. Akawa mtu wa kuinamisha kichwa, hasa kwa mama mkwe wake. Mbele ya mama mkwe, Bi Pimbi hakuthubutu hata kutafuna.

Kikaja kiangazi. Mito ya karibu ikakauka, likabaki bwawa moja, na humo akajaa Kiboko. Twiga akaja kuomba maji. Kiboko akasema, "Yangu." Swala akaja kuomba maji. Kiboko akasema, "Yangu." Mama mkwe wa Bi Pimbi akaja, mzee wa watu, anapepesuka. "Yangu." Watoto watatu wa Bi Pimbi wakaacha kulia, na mtoto mwenye kiu akiacha kulia, mama yake anajua kinachofuata.

Bi Pimbi akasikia kwamba Kiboko anaoa, wakwe zake wanakuja Ijumaa, na wanyama wote wameitwa kushangilia. Akamwendea. Akamsifu mwili, akamsifu meno, kisha akamwambia kwamba amesoma kwa Bibi Nyuki na angependa kumvumia mbele ya wakwe.

"Nitapata nini?" Kiboko akauliza.

"Utavuma, bwana mkubwa. Utavuma mpaka milimani."

"Kuliko Simba?"

"Simba ananguruma tu. Wewe utavuma."

Kiboko akakubali kabla Bi Pimbi hajamaliza.

Ijumaa ikafika. Kiboko alikuwa ameshindilia majani tangu alfajiri, akasimama ukingoni anang'aa. Wakwe wakakaa mbele. Bi Pimbi akapanda juu ya jiwe, akatazama chini, na nani amekaa karibu yake kabisa? Mama mkwe.

Akavuma. Mmmm. Kimya. Alikuwa amebana. Akavuma tena. Mmmm. Kimya. Watu wakaanza kukohoa. Kiboko akamkazia jicho. Bi Pimbi akamwona mwanawe mdogo, ulimi umemnata kinywani, hata hamtazami tena. Akafumba macho, akaachia.

Prrt.

Kadogo, lakini kwa kimya kile kila mtu alikasikia. Bi Pimbi akawaka uso mpaka masikioni, akatamani afe pale pale. Lakini nyuma yake mlio ukatoka mzima: mmmmm, vuuuum. Swala akatoa. Twiga akatoa, akaangalia pembeni kama si yeye. Mlio ukamfikia Kiboko, na majani yake yote.

PUUUUU!

Ndege wakaruka. Tope likaruka. Kilemba cha baba mkwe kikaruka. Na milima ikaitikia, puuu, puuu. Wakwe wakatazamana, wakainuka bila kuaga, bibi harusi yuko mbele. Kiboko hakuweza kuinua uso. Akaondoka hivyo hivyo mpaka mto mkubwa, mbali, akazama hadi puani. Hadi leo akiona watu anazama, na ukiona mapovu yanapanda juu, usimuulize.

Wanyama wakanywa. Watoto watatu wakanywa mpaka matumbo yakawa magumu. Bi Pimbi hakunywa. Alijipenyeza kwenye ufa wa jiwe, akaugeuzia ulimwengu mgongo. Nje walikuwa wakimsifu, lakini kila sifa ilianza na kicheko, na kila kicheko kilimchoma.

Jua likielekea kuchwa, mama mkwe akaja na maji kwenye kibuyu, akakaa mdomoni mwa ufa.

"Mwanangu, kunywa."

"Siwezi kukutazama, mama."

"Hata mimi siwezi kukutazama," mama mkwe akasema polepole. "Ule uliosikika kwanza ulikuwa wangu. Wako haukutoa hata sauti."

Bi Pimbi akanyoosha mkono nyuma, akapokea kibuyu. Wakanywa kwa zamu, kila mmoja ameangalia kwake.

Ngano yangu imetoka, fungueni dirisha. Na funzo lake, watoto wangu, ni hili: mbele ya wakwe, baneni. Baneni mpaka mwisho. Hakuna aliyewahi kuaibika kwa kubana. Wa kufa kwa kiu, hao sijawahesabu.